Asali Mbichi ya Kalengera

Lundi, 4 novemba
Nimejaza chupa tangu asubuhi. Asali inachuruzika kama chai. Ile ya marehemu papa, baba yetu, ilikuwa inashuka polepole, mpaka mkono unachoka. Hii ya Bahati, ndugu yangu wa Kalengera aliyebaki na mizinga ya nyuki, ni maji tu. Mama Rehema, mteja wangu, amerudisha chupa yake mbele ya watu. Haya tupu.

Mardi, 5 novemba
Mama Rehema tena. Amechovya kijiti cha kiberiti ndani ya asali, akakikwaruza. Kimekataa kuwaka. Hapa mtaani Mabanga kiberiti ndicho hakimu: kisipowaka, asali ina maji. "Mama Asali, siku hizi unatuuzia maji?" Wamecheka. Jina langu ni hiyo asali, sina lingine. Namchukia Bahati.

Jeudi, 7 novemba
Nimeibandika juu ya moto wa makala, maji yakauke. Imekuwa nzito, kweli. Nyeusi pia. Chungu. Nimeonja nikatema.
Nimemtumia Bahati sauti kwa simu: mwizi wewe, umetia maji katika jina la papa, usinitumie tena kitu. Sijuti.

Samedi, 9 novemba
Hajajibu. Afadhali.

Mardi, 12 novemba
Papa Anselme, dereva anayetuletea mizigo toka Rutshuru, ameshusha bidon ingine ya asali toka kwa Bahati. Nikamwambia airudishe. Akakataa. "Ndugu yako hakutia maji, mama. Wenye bunduki walikuwa wanazunguka mizinga. Akakata masega mapema, mbele nyuki wayazibe."
Nyuki wanaipepea asali kwa mabawa mpaka ikauke, ndipo wanaiziba na nta. Ukiikata mbele ya hapo, ni mbichi, maji yake ni ya maua. Papa alitufundisha sote wawili. Nilijua. Nikamuita mutoto wa mama yangu mwizi.

Mercredi, 13 novemba
Napiga simu yake. Haipatikani.

Jeudi, 21 novemba
Watu wa Kalengera wanaingia mjini, magodoro kichwani. Nimesimama barabarani, nimeuliza kila mutu. Muzee mmoja amesema mizinga imechomwa yote. Bahati, hajui alikokimbilia.
Nimetazama simu. Alama inaonyesha ile sauti yangu aliisikiliza, siku ileile niliyoituma.

Dimanche, 24 novemba
Bidon ya pili imeanza kuchacha, inatoa povu. Nimelegeza kifuniko isipasuke. Siuzi.
Nimetoka misa, nimefua, nimeanika. Kisha nikamtumia Bahati sauti ingine, fupi: asali ilikuwa nzuri, kuja nyumbani.
Haijamufikia.