Kapu Lirudi Tupu

Mjukuu wangu Rukia,

Marahaba. Huku Michenzani sote wazima, na goti la mama yako lishapoa. Nakuandikia kwa mkono kwa sababu simu yako sijui nani mwengine anaisoma.

Unauliza kama upokee matumizi anayokuletea mumeo huko Chake, na kesi ya talaka ingali kwa kadhi. Pokea, ni haki yako. Lakini mtazame vizuri anayeyaleta.

Nilipomdai talaka bwana wangu wa kwanza, kadhi alimwamuru anihudumie mpaka siku ya hukumu. Kila Ijumaa wifi yangu akija kwetu Malindi na kapu la mchele na samaki, uso umejaa huruma. Mimi kwa malezi yetu nikaona haya kulirudisha tupu, nikawa natia sahani ya wali wa nazi. Siku ya kesi bwana akasema, "Shekhe, huyu bado ananipikia. Tushapatana." Wifi akaapa kuwa ni kweli. Nilikaa mwaka mwengine mzima kwenye ndoa ile.

Sasa nasoma kwamba juzi umempelekea mumeo sahani ya mkate wa kumimina. Kaifuate sahani yako leo, kabla hajaifikisha kwa kadhi.

Bibi yako