Kivuli cha Dorotea

Jumatatu, 5 Mei 2025

Tumehamia shamba, mimi na Doro. Mpunga umetoa masuke, ndege wamejaa, lazima kuamia, kuwafukuza kutwa. Dungu la mwaka jana, kibanda chetu cha juu ya nguzo, bado limesimama, na paa lake la nyasi zilezile. Doro ana miezi kumi na moja na meno manne. Ameninyang'anya kijiko!

Bodaboda ya matangazo imepita na kipaza sauti. Yaleyale ya miaka mitatu: usitazame juu, usinyooshe kidole juu, usilitaje. Mimi nalitaja humu daftarini tu. Pengo. Limekaa palepale juu ya bonde, mchana kweupe, mahali ambapo mbingu haipo. Anayelitazama, kivuli chake kinaliwa. Na asiye na kivuli anapakiwa kwenye lori, anapelekwa kambini, mbali kupita Masagati. Hajarudi hata mmoja. Eti wakikanyaga shamba, mpunga unatoa mapepe matupu.

Sasa uamie ndege bila kutazama juu! Tunaangalia vivuli vyao vikipita juu ya mpunga. Tukiviona tunavuta kamba, makopo yanalia. Kadija wa shamba la jirani anasema sisi ni watu wa kwanza duniani kufukuza vivuli. Nimecheka, Doro naye akacheka.

Jumatano, 7 Mei

Mvua hadi alfajiri. Kuni zote zimelowa. Nimechomoa nyasi kavu za paa, kwa ndani, konzi mbili, nikawasha moto. Uji umeiva. Doro kamaliza kikombe.

Alhamisi, 8 Mei

Sijui niandike vipi.

Nilimlaza dunguni, nikashuka kufukuza kwelea. Nikasikia anacheka. Kicheko kirefu, kama kuna mtu anamchekesha. Nikapanda mbio. Amelala chali, macho juu. Pale nilipochomoa nyasi pana tundu, dogo, sawa na mdomo wa kikombe. Nikaliziba kwa kanga, kwa mikono, kwa kichwa changu.

Nikamtoa nje, juani. Kivuli changu kipo. Mikono ya kivuli ipo, imenyooka mbele — imebeba hewa.

Konzi mbili tu! Ee Mungu, konzi mbili za nyasi.

Jumapili, 11 Mei

Sijamwambia mtu. Baba yake, Gosbert, kapiga simu kutoka Mngeta alikokwenda kufanya kibarua cha kuvuna. Kauliza, mwanangu vipi? Nikamwambia mzima. Na ni mzima kweli! Anakula, ana joto lake, jino la tano linachomoza. Jino linaota, kwa nini kivuli kisiote?

Nimegundua jambo. Nikimfunga mgongoni, kivuli chetu kinakuwa kimoja. Nundu tu. Nani atajua nundu ni ya nani? Basi hashuki tena penye jua. Hashuki.

Kanisani nimeanza novena, sala ya siku tisa kwa Mtakatifu Antoni, anayewatafutia watu vilivyopotea. Sikutaja ni kitu gani. Anajua.

Jumatano, 14 Mei

Mama mkwe amekuja kusaidia kuamia. Kaleta kifurushi cha Gosbert: viatu vya Doro, vyekundu, vile vinavyolia pii pii mtoto akikanyaga. Kasema mtoto ashuke avijaribu. Nikasema ana mafua.

— Mafua ya miguu?

Kadija akadakia kutoka shambani kwake: Shikamoo, bibi! Mwambie huyo amwache mtoto apumue, si kupe huyo!

Wakacheka. Nami nikacheka. Mgongo unauma mpaka kwenye meno.

Mchana nikamwachia humu dunguni, mlemle kivulini. Kashika nguzo. Kaiachia. Pii, pii, pii — hatua tatu! Akaanguka kitako, akanitazama kama aliyeleta zawadi. Mama akapiga vigelegele. Mimi nikalia. Mama alidhani ni furaha. Na ilikuwa furaha, ndiyo iliyoniliza zaidi.

Maana mtoto wa mgongoni hakaguliwi. Aliyeanza kukanyaga chini anakaguliwa. Na mama ameshatangaza mashamba yote, hadi barabarani.

Alhamisi, 15 Mei

Nimemsimamisha nyuma ya dungu asubuhi, jua likiwa chini. Nikaona weusi kidogo kwenye kisigino. Nikapiga magoti, nikashukuru.

Ni tope.

Jumamosi, 17 Mei

Ukaguzi. Jana walikuwa kwa wenzetu wa Kiberege, leo ni sisi. Saa kumi, vivuli vikiwa virefu. Tumepangwa kwenye tuta. Mkaguzi, Mzee Stanislaus, yuko mbele na karani wake, lori nyuma yao. Anakanyaga kivuli cha mtu kwa buti, anasema: Kipo. Anaita mwingine. Naandika humu mstarini nionekane nina shughuli.

Nilifikiri kukimbia. Wapi? Bonde lote wazi, mpunga unaishia kiunoni. Nitakwenda wapi ambako jua halifiki?

Nimeamua. Wakimpakia yeye, nami nitainua macho nilitazame, watupakie wote. Naogopa. Lakini nitayainua.

Lakini kuna wingu! Linatoka upande wa Udzungwa. Sijalitazama, nimegeuza shingo tu, naona kivuli chake kinatembea juu ya mpunga, shamba baada ya shamba. Kikitufunika kabla hatujafika mbele, hakuna wa kukaguliwa. Ataahirisha. Siku moja tu. Huenda ndiyo siku ya kivuli chake kuota.

Mtakatifu Antoni, lisukume.

Kadija ameitwa. Shikamoo mzee, usinikanyage kichwani, nimesuka jana! Hata karani kacheka. Kipo.

Bado wawili. Kivuli cha wingu kimefika shamba la Kadija. Kimefika mtaroni. Kama kimesimama vile. Hapana, kinakuja.

Mama yuko nyuma yangu. Anasema mwenye viatu vipya habebwi, atembee babu Stanislaus amwone. Nimemwambia mama, mwache, amelala. Hajalala. Anapiga miguu, anacheka kile kicheko.

Mmoja.

Mama namwambia mwache — amemshika makwapani — tuta bado lina jua —

Mgongo umekuwa mwepesi. Pii