Mkonge wa Babu Yako

Remigius, mjukuu wangu na mume wangu,

Nimevuna mahindi mara mbili hujakanyaga hapa. Huko Engaresero unakotembeza wageni wamekufunga kamba? Nikipiga simu, yule mwanamke wa kwenye simu ananiambia hupatikani. Nimemchoka. Hata hivyo nakusalimu, naulizia kifua chako, na kama unakula ugali au biskuti za wageni. Mimi goti linauma, kwingine ni mzima. Anayeniandikia ni Blandina, mke wa katekista. Maneno ni yangu.

Ile kesi na jirani yetu Germana imekwisha. Nimeshinda. Kwenye kata walijaribu kutupatanisha, ikashindikana, tukafika mpaka baraza la ardhi la wilaya. Mwenyekiti na wazee wa baraza walikuja kukiona kile kipande cha shamba kwa macho yao. Niliwaonyesha mstari wa mkonge, nikasema huo ndio mpaka tangu enzi za babu yako. Germana akasema mkonge ulihamishwa. Alipoulizwa shahidi, akasema shahidi wake ni marehemu mumewe, Josephati. Mimi nikasema mkonge hauna miguu. Watu walicheka, Remigius. Na mimi nikacheka.

Tangu siku hiyo Germana ameziba kwa miiba lile pengo la uzio tulilopitishiana moto na chumvi miaka arobaini. Unakumbuka kila asubuhi alivyokuwa akipaza sauti kutoka kwake kuniuliza kama nimekufa? Nami nilikuwa namjibu kwamba bado, nasubiri atangulie yeye. Sasa kunakucha kimya. Mkono wangu umezoea kupika kahawa ya vikombe viwili. Cha pili kinapoa mbele yangu. Juzi nilianguka jikoni, nikakaa pale chini mpaka jua likafika mlangoni. Hakuna aliyeuliza.

Sasa sikiliza. Blandina ameweka kalamu chini, nimemwambia aiokote. Germana alisema kweli. Mwaka ule korongo lilipokula ukingo wa shamba letu, babu yako alimwomba Josephati tupande mkonge ndani ya shamba lake ushike udongo, na korongo likipona tuurudishe. Miche nilimshikia mimi, kwa mikono hii. Korongo likapona, babu yako akafa, nikanyamaza. Halafu wewe ukasema hurudi kwa sababu huna pa kujenga. Nikakipima kile kipande kwa hatua, nikaona nyumba yako inaenea, na mlango wake unautazama wangu. Ndiyo maana niliapa uongo. Kiwanja nimekipata, wewe hujaja, na Germana nimempoteza.

Jumatatu nakwenda kwa mtendaji wa kijiji kutia dole gumba kwamba kipande ni cha Germana. Usinune. Utajenga kwenye zizi la zamani, ng'ombe amebaki mmoja, atasogea.

Msalimie Tobiko unayelala naye chumba kimoja. Blandina naye anakusalimu. Analia, sijui analilia nini, kosa ni langu.

Ukija, beba sururu tung'oe mkonge. Lakini usianzie kwangu. Simama kwenye uzio wa Germana, umuulize kwa sauti kubwa kama amekufa. Akikujibu, nitasikia huku.

Bibi yako,
Penina