Vipimo Vinane vya Zumari

Haarlem, Jumatano, 9 Aprili 2014

Kwa Dada Jikke,

Pokea salamu za mdogo wako. Naomba barua hii ikukute mzima, goti lako limekubali kupanda ngazi tena, na upepo wa Harlingen haujang'oa kibanda chako cha kuoteshea nyanya. Mimi sijambo, kwa hali ya mtu wa miaka sabini na minne. Nasikia vizuri, naona vibaya. Daktari amenikataza jibini, nami nimemkatalia daktari.

Najua utashangaa kupata kutoka kwangu kitu kirefu kuliko kadi ya siku ya kuzaliwa. Tumetumiana kadi hizo kila mwaka kwa sababu majina yetu yapo kwenye kalenda ya siku za kuzaliwa, ile inayotundikwa msalani, na aliyeandikwa kwenye kalenda ya msalani hasahauliki hata ukitaka. Usiogope. Sijafa wala sifi wiki hii, na sina shida ya kukopa.

Habari ya kwanza ni kwamba Jumamosi hii naongoza okestra kwa mara ya mwisho. Nimeamua mwenyewe, kabla hawajaniamulia. Tutapiga Mateso ya Yesu, utungo wa Habbo Eilers, kama tulivyofanya kila mwaka kabla ya Pasaka. Magazeti yamekwisha kuja kunihoji. Wote wanaanza na swali moja, jinsi tulivyoanza, nami nawapa jibu lile lile ambalo sasa nalisema kama mtu anayesoma tangazo la treni. Nawaambia kwamba tulikuwa kumi na moja katika kanisa bovu la Wamenno, na nyuzi za matumbo ya kondoo zilizokatika kila mvua iliponyesha. Nawaambia wapiga muziki wa kumbi kubwa walivyotucheka kwa sababu tulishusha sauti zote nusu ngazi kama watu wa kale, wakatuita watu wa soksi za sufu ya mbuzi na supu ya njegere. Wanaandika yote. Siwaambii kwamba soksi zile ulizifuma wewe, na supu uliipika wewe, na kwamba mwaka wa kwanza mtu pekee kati yetu aliyeweza kupiga ala yake bila kuwaudhi wasikilizaji alikuwa wewe na zumari lako lisilo na vibonyezo.

Utakumbuka nilivyokuwa. Nilikuwa nimetoka kupiga cello miaka mitatu katika okestra ya kawaida, nikiona kila muziki wa zamani ukipakwa siagi na sukari mpaka haujulikani. Nikaapa kwamba kwetu kilichoandikwa ndicho kitakachopigwa. Tukipata karatasi ya zamani, tutaitii hata ikitutia aibu. Nilikuwa sahihi, na bado nasema hivyo. Kosa langu lilikuwa kupenda kuwa sahihi.

Sihitaji kukusimulia mwaka 1979, lakini nitausimulia, kwa sababu kila nilipousimulia kwa wengine niliupamba. Tulipata karatasi za Eilers kutoka lile kanisa la Kilutheri kule ng'ambo ya mpaka, Ujerumani. Nakala yake kuu ilikuwa imepotea, zimebaki karatasi za wapigaji tu. Katika karatasi ya zumari, katikati ya wimbo wa kilio, vipimo vinane, yaani vipande vinane vya mapigo, vilikuwa vimekatwa kwa mstari wa wino. Nikasema mtungaji mwenyewe amelinyamazisha zumari, maana wino ni ule ule. Ukanijibu mbele ya watu wote kwamba wino wa mji mmoja hutoka duka moja, na kwamba mtu aliyetunga vipimo vile hawezi kuvikata labda awe mgonjwa wa akili. Ukasema hapa kuna mpigaji aliyeshindwa, siyo mtungaji aliyebadili nia. Nilikuuliza ushahidi uko wapi. Ukaniambia, na Renske wetu wa fidla bado anayanukuu maneno yako kila akilewa, "Wopke, wewe umekuwa karani wa maiti. Ushahidi ni masikio, kama bado unayo."

Usiku wa onyesho ukavipiga. Vyote vinane, mbele ya watu mia nne, mimi nimesimama na mikono hewani kama mtu anayezuia basi ambalo limekwisha kupita. Kesho yake nikakufukuza. Nilikuandikia barua ya mistari mitatu kwa mashine ya chapa, nikaitia sahihi kwa jina letu la ukoo, kana kwamba wewe ulikuwa na jina tofauti. Mama hakunisemesha hadi Krismasi.

Yaliyofuata unayajua kwa kusoma magazeti. Kile kimya kikawa maarufu. Mkosoaji mmoja aliandika kwamba pale zumari linaponyamaza mtu husikia mbingu ikijifunga. Kijana wa chuo kikuu cha Leuven alikiandikia tasnifu ya kurasa mia tatu. Tulikwenda Japani mara tisa, na kule watu walilia wakati ambapo hakuna aliyekuwa akipiga zumari. Viongozi wengine wa okestra nao wakaupiga utungo ule kwa kukata vipimo vile vile, na wanafunzi wao baada yao. Malkia alinipa nishani. Wewe ulikuwa umekwisha kuliuza zumari lako kwa Mbelgiji, unafundisha hesabu watoto wa shule.

Sasa nafika mahali ambapo nimekuwa nikifika kwa miaka ishirini kisha nageuza.

Mwaka 1994 nilirudi kwenye kanisa lile peke yangu, nikitafuta karatasi za kipande kingine. Funguo za kabati alikuwa nazo mjane mmoja, Bi Fenna, ambaye hakukubali kulifungua kabla sijanywa vikombe vitatu vya chai, kwa sababu kwao anayekunywa viwili amemtukana mwenyeji. Nilipokuwa nikinywa cha tatu alinisomea kwa kujifurahisha daftari la mikutano ya wazee wa kanisa, kwani alipenda ugomvi wa watu waliokufa. Mwaka 1743, kabla ya Pasaka, wameandika hivi. Mzee Tjark, mpiga zumari, ameomba asamehewe vipimo vinane vya wimbo wa kilio, kwa kuwa meno yake ya mbele yamemtoka wakati wa baridi. Bwana Eilers amekubali kwa huzuni kubwa, hadi apatikane mwenye meno.

Bi Fenna alicheka mpaka akamwaga chai. Nikacheka naye. Kisha nikamwomba ninakili ukurasa ule, nikaunakili, nikaukunja, nikaendesha gari hadi Haarlem bila kusimama, na sikumwambia mtu.

Nimejaribu mara nyingi kujieleza kwamba nilinyamaza kwa ajili ya okestra, kwamba watu ishirini na sita walikuwa wakila kwa sifa ya kile kimya. Ni uongo, Dada. Kilichonifunga mdomo ni kiburi. Nilikuwa nimewafundisha watu wa mabara matatu kuheshimu pengo la meno ya mzee mmoja, na nisingeweza kulisema hilo nikabaki yule niliyejifanya.

Na hilo silo baya zaidi. Siku ya mazishi ya Mama, mwaka 1996, tulipokuwa jikoni tukikata keki ya wageni, uliniuliza polepole, bila ugomvi, kama niliwahi kupata chochote kuhusu vipimo vile. Ulisema huulizi ili ushinde, unauliza kwa sababu umechoka kutojua kama ulikuwa mjinga. Nakala ya ukurasa ule ilikuwa kwenye koti langu, Jikke. Nilikuwa nimekuja nayo nikidhani siku ile nitaweza. Nikakutazama machoni nikakujibu hapana, sijapata kitu. Ukasema haya basi, ukaendelea kukata keki. Nimetenda makosa mengi, lakini hilo ndilo linaloniamsha. Nalionea aibu na nina huzuni, na sijui njia nzuri zaidi ya kuliandika.

Jana, Jumanne, niliwaambia wenzangu mazoezini. Niliwasimamisha kabla ya wimbo wa kilio nikawasomea daftari la wazee. Mtu mmoja nyuma alicheka, kisha akaona hakuna mwenzake. Renske, unamkumbuka, alijiunga mwaka mmoja kabla hujaondoka na sasa ndiye fidla ya kwanza, aliweka fidla yake mapajani akaniuliza nimejua tangu lini. Nikamwambia. Akasema, "Kwa hiyo miaka ishirini umetunyamazisha kwa meno ya mtu, na ulijua?" Nikasema ndiyo. Kisha akaniuliza kama nimekwambia wewe. Nikasema bado. Akaniita jina ambalo sitaliandika, na hakuna aliyenitetea, na hata mimi sikuona pa kuanzia.

Bodi ilinipigia simu jioni. Wanataka tuendelee na kile kimya hadi Jumamosi ipite, kwa sababu redio inarekodi, halafu ukweli utoke taratibu wakati wa kiangazi. Nimewajibu kwamba vipimo vitapigwa au wamtafute mwingine wa kuongoza. Wamekubali kwa shingo upande. Katika karatasi ya ratiba watakayopewa wasikilizaji nimeandika kwamba vimerudishwa, kwamba Jikke Hoekema alivitetea mwaka 1979 akafukuzwa kwa kuvipiga, na kwamba aliyemfukuza aliuficha ushahidi tangu 1994. Imekwisha kwenda kwa mchapaji. Ndani ya bahasha hii utakuta ile nakala yenyewe. Mikunjo ni ya koti langu.

Sikuombi unisamehe. Ningekuomba hivyo ningekuwa nakupa kazi nyingine juu ya zile nilizokwisha kukupa. Lakini kuna jambo moja ninaloomba, na Renske ndiye aliyeniagiza. Alisema nikupigie simu. Nikamwambia utakata ukisikia sauti yangu, na utakuwa na haki.

Jana, kabla hatujaachana mazoezini, tulijaribu vipimo vile. Mpiga zumari wetu, Joris, ni hodari, mapafu yake ni ya mwogeleaji. Alijaribu mara sita. Kila mara anafika kipimo cha sita akiwa mwekundu kama gamba la jibini la Edam, kisha wimbo unakatika. Akivuta pumzi mapema anaua sentensi, akichelewa anakufa yeye. Tumepekua karatasi zote za Eilers, hakuna alama. Mzee Tjark hakuacha neno. Sote tulikuwa tumemzunguka Joris, watu waliosoma kila kitabu kilichoandikwa juu ya jambo hili, na hakuna aliyejua.

Mimi nilikuwepo usiku ule wa 1979, hatua tatu kutoka kwako, na wimbo haukukatika popote. Nilikuwa na hasira, sikusikiliza. Katika watu wote walio hai wewe peke yako ndiye uliyewahi kuvipiga hadi mwisho.

Ulipumulia wapi, Dada?

Mwandikie Renske kama mimi siandikiki. Anwani yake nimeiweka nyuma ya bahasha. Nisalimie majirani zako, na ukiwa bado una paka, naye pia. Nakuombea goti jepesi na majira mema ya bustani.

Ni mimi, mdogo wako,
Wopke