Binti Yangu Hataki Nione Mazingaombwe Niliyomfundisha Mwenyewe

Mpendwa Shangazi Odessa, niokoe kabla ya Jumamosi, maana nikiachwa na akili zangu mwenyewe mpaka siku hiyo najijua, nitaharibu.

Mimi ni mwanamazingaombwe, nimetoa njiwa kwenye kofia miaka ishirini na sita, kuanzia Milwaukee mpaka Duluth, na kila kiangazi familia yetu yote huhamia kambini kando ya ziwa, ambako mimi ndiye mlezi mkuu wa watoto wanaojifunza kazi hii, mke wangu Bernadette ndiye mpishi, na binti zetu wawili, Corinne wa miaka kumi na mitatu na Junie wa miaka sita, wanalala kwenye vibanda na kuumwa na mbu kama watoto wa watu wengine. Jumamosi alasiri ndilo onyesho la kufunga kambi, wazazi wanakuja na magari yao kutoka kila upande, na safari hii aliyechaguliwa kufunga onyesho ni Corinne wangu, heshima ambayo hajawahi kupewa mtoto wa umri wake.

Mchezo wake ni ule wa sarafu ya nusu dola niliomfundisha mezani jikoni hata kabla hajajua kufunga kamba za viatu. Unaionyesha sarafu mkono wa kushoto, unajifanya umeihamishia kulia, kumbe umeibana kwenye kiganja kilekile cha kushoto, halafu unaukunja mkono wa kulia na kuukazia macho wewe mwenyewe, maana watazamaji hutazama unakotazama, unafungua ngumi, hamna kitu. Mchezo mdogo, lakini vidole vya mtoto yule, Shangazi, vinanitia wivu mimi baba yake.

Sasa sikia balaa. Jaribio la kwanza mbele ya wenzake nilikaa mstari wa mbele katikati ili nimsaidie, nikawa namwangalia kidole gumba cha kushoto kwa sababu ndicho humsaliti mtu, na kabla hajafungua ngumi Junie akapiga kelele, "Iko kushoto!" na kambi nzima ikaangua kicheko. Nikamwambia Corinne, "Mama, gumba lako linapanda, kafanye mazoezi." Akafanya mpaka vidole vikaota sugu. Jaribio la pili nikasogeza kiti karibu zaidi, sikuondoa macho kwenye ule mkono wala kupepesa, na mara hii nusu ya benchi ikapiga kelele pamoja na Junie. Jaribio la tatu lilikuwa Jumatatu, mbele ya mkuu wa kambi, Bi Lundquist, na hata mwosha vyombo, mtu ambaye hajui mazingaombwe wala hayapendi, akasema, "Kushoto, si kushoto?" Corinne akaitia sarafu mfukoni, akanitazama mbele ya watu wote.

"Baba, Jumamosi usiingie."

"Nisiingie wapi?"

"Ukumbini. Kaa nje na njiwa wako."

"Corinne! Mimi ndiye niliyekufundisha!"

"Ndiyo maana."

Nikamgeukia Bi Lundquist, nikidhani mtu mzima atamtetea mtu mzima mwenzake, naye akanikumbusha kwamba kwa desturi ya kambi yetu anayefunga onyesho ndiye mwenye ukumbi, anaingiza amtakaye na kumzuia amtakaye, na desturi hiyo, Shangazi, niliianzisha mimi miaka minane iliyopita ili kumzuia shemeji yangu. Nimefikiria kutumia cheo changu kuifuta. Nimefikiria kuchungulia dirishani. Nimetoa ndevu za bandia kwenye sanduku langu la jukwaani nikazijaribu, Bernadette, sufuria ya maharage mkononi, akanikuta nazo, akasema, "Baba Corinne, ukiingia ukumbini na hayo manyoya, usirudi nyumbani kwangu, nenda kwa mama yako." Hakuna anayenionea huruma. Naumia, Shangazi. Jana nililia nyuma ya kibanda cha njiwa, mtu mzima na kofia yangu kichwani. Kosa langu ni nini? Mchezo ukiendelea sijafungua mdomo hata mara moja! Niingie kwa nguvu au nikae nje kama mbwa?

Wako,
Mlezi Mkuu Asiye na Kiti

SHANGAZI ODESSA ANAJIBU:

Mlezi Mkuu, vua kofia unisikilize.

Kwanza pole, maana kulia nyuma ya njiwa si jambo dogo, na mtu anayelilia onyesho la bintiye hawezi kuwa baba mbaya. Pole imeisha. Sasa nakugombeza.

Hukufungua mdomo, kweli. Ulifungua macho. Umeniandikia kwa mkono wako mwenyewe kwamba watu hutazama unakotazama, kisha mistari miwili mbele unaniambia ulikaa mstari wa mbele ukaukodolea macho mkono wenye sarafu bila kupepesa. Wewe ndiye fundi mkuu pale. Junie hakuwa anamwangalia dada yake hata kidogo, alikuwa anakuangalia wewe, na benchi zima likajifunza kutoka kwa Junie. Gumba la Corinne halina kosa lolote. Umemchosha mtoto mpaka akaota sugu kwa kosa la macho yako, na yeye aliligundua kabla yako, na bado hakukuaibisha kwa kulitaja mbele ya watu. Umelea vizuri kuliko unavyotazama.

Halafu, bwana wee, umeandika siri ya mchezo wake, hatua kwa hatua, kwenye gazeti linalosomwa na wilaya nzima, na linatoka Alhamisi! Ningeweza kuikata. Sikuikata, na sababu ninayo. Kambi ya mazingaombwe kando ya ziwa huku kwetu iko moja tu, kwa hiyo niliposoma barua yako nilipiga simu moja kwa moja jikoni. Bernadette akacheka mpaka akaweka simu chini, akairudia. Akaniambia, "Shangazi, chapisha tu. Ule wa sarafu mtoto ameshauacha tangu Jumatatu. Wiki ya pili hii anafanya mazoezi ya mchezo mwingine kwenye stoo yangu ya unga, mlango umefungwa, na hata mimi haniambii."

Nikamuuliza, kwa hiyo kweli Corinne hamtaki baba yake ukumbini? Akasema, "Anamtaka kuliko wote. Ila tangu azaliwe hajawahi kumshangaza. Kila anachokifanya, baba yake anakijua kabla hajaanza."

Soma hilo tena polepole, nakusubiri.

Basi utafanya hivi. Leo hii rudisha ndevu sandukuni. Desturi ya ukumbi usiiguse, na shemeji yako umwombe radhi, sasa umeonja. Kesho asubuhi, baada ya kupandisha bendera, mwendee Corinne peke yako, useme, "Mwanangu, kosa lilikuwa macho yangu, si mkono wako," kisha ufunge mdomo. Usiongeze neno kuhusu gumba. Umwombe kiti mahali popote atakapo yeye, hata nyuma ya nguzo, na akikataa, ukae nje na upige makofi kwa nguvu asikie.

Lakini akikuruhusu, na mimi nadhani atakuruhusu, mtazame usoni. Usitafute mkono. Usihesabu vidole. Na ikifika mahali ukajiona hujui kabisa amefanyaje, shangaa waziwazi kama baba wa mtoto mwingine yeyote pale ukumbini.

Njiani kurudi nyumbani utawashwa na ulimi. Usimuulize. Akitaka kukuambia alifanyaje, atakuambia siku atakayotaka, na asipokuambia mpaka uwe mzee, basi atakuwa amekupa kitu ambacho mwanamazingaombwe wa miaka ishirini na sita hawezi kujipa mwenyewe.