Chuchunge wa Bwana Asukile

Uyole, Mbeya
14 Julai

Mpendwa dada Benedicta,

Shikamoo dada. Mimi ni mzima, ila nimechoka. Goti la mama linaendeleaje na baridi ya Kihesa? Nimeandika badala ya kupiga simu kwa sababu simu yako hapo nyumbani hushikwa na kila mtu, na haya nataka uyajue wewe kwanza.

Nilikwambia kwamba bosi wangu, Bwana Asukile, anafuga samaki wa mapambo. Mwezi wa tano aliagiza chuchunge wa mtoni kutoka Asia: wembamba, urefu wa kidole, taya la chini limechongoka kama sindano, la juu fupi. Hawatagi, wanazaa. Alituonya kwamba ni waoga mno. Wakishtuka hugonga kioo, na taya likivunjika hawali tena. Ndiyo maana pazia la chumba chao halifunguliwi ghafla.

Jumanne iliyopita tisa walikutwa wamevunjika taya. Bosi akamgeukia Mama Atuganile anayefanya usafi, akasema ni hizo ndoo zake zinazolia kama kengele ya kanisa. Mama akajibu kwamba ndoo amezibeba miaka sita bila kuua hata sisimizi, labda samaki wamemchoka bosi. Wote walicheka isipokuwa bosi na mimi. Samaki wakafa mmoja mmoja kwa njaa, chakula kikielea mbele yao.

Jana, kabla ya kusafiri, bosi aliniagiza nichape barua ya kumwachisha kazi Mama Atuganile. Mama mwenyewe hajui. Aliniletea chai, akaniita mwanangu, akauliza mbona siku hizi sili.

Dada, ni mimi. Asubuhi ile umande ulikuwa umeganda kwenye majani, nikawaonea samaki huruma. Nikafanya kama mama anavyofanya na vifaranga: nikavuta pazia lote kwa mkupuo ili wapate jua. Nikasikia kioo kinagongwa, kinagongwa. Nikalirudisha pazia, nikakaa mezani nikashika kalamu kama mtu mwenye kazi.

Leo nimechapa barua, lakini si ile. Hii inaeleza pazia, na ina jina langu. Nimeiacha mezani kwa bosi. Kesho anarudi kutoka Chunya. Miezi yangu ya majaribio haijaisha, kwa hiyo huenda nikaja na begi langu wiki hii.

Wasalimie wote hapo. Mama umwandae taratibu, tafadhali. Usimwambie ghafla.

Mdogo wako anayekupenda,
Dastan