Kwa Luhaga, Uliyewaonyesha Watu Sura Zao

Mwaka mzima umepita, mwanangu Yeremia Luhaga, na ule uvumi haujanitoka kichwani: "Kijana wa kamera hatafika Krismasi." Aliuleta Evelina muuza dagaa, hata beseni hajalitua. Nilikuambia. Ukacheka. "Mama, wale ni watu wangu. Wanapenda kujiona."

Kweli walipenda. Wenzako walipiga video za harusi, wewe ukaenda mialoni kwa wavuvi, na Misungwi kwa wafugaji. Ulianza na shikamoo, kamera baadaye, na ugali wa mtu hukuukataa. Kisha ulirudi na televisheni na jenereta, ukawaonyesha bure. "Hee, Mama Sharon, kumbe unatembea kama bata!" Walicheka mpaka wakakaa chini.

Lakini tangu viwanda vya minofu vifunguliwe, wapo wanaomwaga sumu ziwani wapate sangara upesi. Wewe hukuwatafuta. Ulikuwa unapiga picha jua linavyochomoza, wao wakawa nyuma kule, kwenye mtumbwi, na dumu lao la sumu. Hukuwaona mpaka siku ya kuonyesha, mwalo mzima umekaa. Mdogo wako Kija, aliyekuwa anashika nyaya, anasema kicheko kilikatika ghafla. Mzee mmoja akasema, "Zima, baba." Ulipozima, watu walikuwa wanaondoka bila kuaga.

Baadaye ukaitwa tena, eti kuna mashindano ya mitumbwi. Ziwa lilikuwa limetulia siku hiyo. Tulikukuta kwenye magugu maji. Kamera ililetwa nyumbani na mtu nisiyemjua, kavu kabisa, haina mkanda. Akasema, "Pole, mama," akakataa kukaa.

Sasa Kija ameishika kamera yako. Ana nakala ya mkanda ule wa dumu, na anasema Jumamosi ataionyesha palepale mwaloni, kwa heshima yako. Baba yake amemkatalia, hasikii. Juzi Evelina alikuja tena. Safari hii hakuleta uvumi, aliuliza tu, "Kija anaondoka lini?" Nikamuuliza, nani anataka kujua? Akabeba beseni lake.

Mwanangu, ulikuwa humnyimi mdogo wako kitu. Kifo hiki mnyime.

Unakumbukwa na mimi mama yako Dorotea, baba yako Masalu, bibi yako Mhoja, mjomba Malimi na mdogo wako Kija. Sala itakuwa nyumbani Igoma, Jumamosi tarehe 20 Novemba 1999. Hutatoka mioyoni mwetu siku zote.

Na ninyi mnaosoma, hasa vijana wa kamera, nawaomba:

Msinunue samaki aliyeokotwa anaelea.

Msiwaonyeshe watu mkanda ambao hamjautazama wote wenyewe, mpaka kule nyuma kabisa.

Msipande mtumbwi wa mtu msiyejua kwao.

Mkiitwa na mtu aliyetumwa, msiende.

Msiwaambie watu siku ya safari.

Kija, Jumamosi usitoke nyumbani.